Mawe ya Msingi ya Kitopeni

Nchi ya Pongezi iko mbali sana na hapa. Aliyeiona kwenye ramani ameuziwa ramani mbovu, na anayedhani amewahi kuishi huko anywe maji, apumzike, itampita. Ni nchi yenye amani, yenye bendi ya tarumbeta katika kila wilaya, na yenye viongozi ambao hawajawahi kukosea tangu walipoanza kujisahihishia mitihani wenyewe.

Katika nchi hiyo kuna mji mdogo uitwao Kitopeni, na katika mji huo kuna uwanja wa mpira, ambao ndio habari yetu. Kusema kweli, kwa miaka mingi hakukuwa na uwanja. Kulikuwa na mawe yake.

Kiwanja chenyewe walikilima watu wa Kitopeni kwa majembe yao, mwaka ule bendera ilipobadilishwa rangi. Waling'oa visiki, wakasimamisha magoli ya miti ya mikaratusi, wakachora mistari kwa majivu. Diwani akapita akaona. Akasema kiwanja kizuri namna hii kinastahili kuwa uwanja kamili, wenye jukwaa, mabomba na vyoo vya kuvuta. Akaja na jiwe la msingi, akaliweka pembeni, kwenye kona. Kulikuwa na hema, viti vya kukodi, bendi, na pilau. Baada ya pilau mradi ulishiba, ukalala.

Akaja Katibu Tarafa. Huyu angeweza kuendelea pale alipoishia Diwani, lakini katika nchi ya Pongezi kiongozi anayeendeleza kazi ya mwenzake ni kama mtu aliyevaa chupi ya jirani: hata ikimkaa vizuri, watu watasema. Akaweka jiwe lake. Baadaye Mkuu wa Wilaya akaweka lake. Akafuata Naibu Waziri, wakafuata mawaziri, na kila mmoja alichagua mahali ambapo angeonekana vizuri zaidi kuliko aliyemtangulia. Ndivyo mawe yalivyotoka kwenye kona, yakaingia winga, yakashuka hadi eneo la penalti.

Kuyaondoa haikuwezekana. Sheria ya Heshima ya Mawe ilisema wazi kwamba jiwe la kiongozi ni kiongozi mwenyewe: halisogezwi, haliegemewi, halikaliwi, wala halianikiwi mihogo. Mbwa wa mchinjaji aliwahi kufikishwa mahakamani kwa kulikojolea jiwe la Naibu Waziri. Hakimu alimuuliza kama anakubali kosa, mbwa akatikisa mkia, na jambo hilo likahesabiwa kuwa dharau ya pili.

*

Mtu aliyeyajua mawe yale kuliko wote alikuwa Nyamizi, fundi cherehani, ambaye kibanda chake kilitazamana na kiwanja. Yeye ndiye aliyeshona mapazia. Msomaji anajua kwamba jiwe la msingi halianzi kuwa jiwe mpaka kiongozi avute kamba na pazia lifunuke watu wapige makofi. Na kwa kuwa pazia lililokwisha kumfunika kiongozi mmoja haliwezi kumfunika mwingine, baada ya sherehe Nyamizi alirudishiwa kitambaa chake: mahameli nzito, nyekundu na zambarau, yenye vishada vya rangi ya dhahabu.

Akashona jezi. Timu ya mji iliandikishwa kwa jina refu lenye neno maendeleo ndani yake, lakini hakuna aliyelikumbuka. Watu waliiita Mapazia.

Ukocha ulimwangukia kwa bahati mbaya. Kocha wa zamani alikuwa anarudi kinyumenyume akishangilia goli, akakutana na Mkuu wa Wilaya, akavunjika nyonga. Vijana walikaa kwenye nyasi wakitazamana. Nyamizi akatoka kibandani na sindano mdomoni, akasema, "Nitawashikia kwa wiki hii tu." Wiki ile haijaisha mpaka leo.

Hakuwafundisha kulalamika. Aliwafundisha kucheza na walichonacho. "Lutengano, usiangalie kulia, hakuna mtu!" alimfokea nahodha wake, kijana mfyatua matofali mwenye mabega kama mlango wa ghala. "Mpe Waziri! Mpe Waziri!" Na Lutengano aliupiga mpira kwenye jiwe la Waziri, mpira ukadunda, ukamkuta mbele akiwa peke yake. Watu wa Kitopeni walisema Waziri yule ndiye mtumishi pekee wa umma nchini anayerudisha alichopewa.

Timu ngeni zilikuja zikaondoka na magoti yaliyochubuka. Mapazia walishinda nyumbani, wakashinda tena, na hata ugenini walibahatisha sare mbili tatu. Ghafla, bila mtu kutarajia, ikabaki mechi moja tu kati yao na Daraja la Kwanza: dhidi ya Makao Makuu, timu ya mji mkuu, nyumbani Kitopeni. Wakishinda wanapanda. Wakitoka sare wanapanda wenzao.

Shirikisho la Mpira likatuma mkaguzi. Alizunguka na utepe wake, akajikwaa kwa Katibu Tarafa, akamwomba radhi, akaendelea.

"Mawe si kosa," alimwambia Nyamizi. "Kanuni zetu hazikutaja mawe. Lakini duara la kati lazima liwe wazi, ili mpira uwekwe chini na mchezo uanzishwe. Duara lisipokuwa wazi siku ya mechi, ushindi ni wa wageni na timu yenu inafutwa."

Nyamizi alicheka kwa raha. Duara la kati ndilo mahali pekee uwanjani ambapo hakuna kiongozi aliyewahi kupataka. Palikuwa bondeni kidogo, na mvua ikinyesha panatuama maji.

*

Asubuhi moja akaja kibandani Bwana Kasanga, Afisa Itifaki wa Wilaya, mtu mwembamba mwenye suti iliyomtangulia hatua moja.

"Pongezi, Bi Nyamizi!" Ndivyo wanavyosalimiana huko.

"Nawe pia. Za nini leo?"

"Anakuja. Mwenyewe." Bwana Kasanga alivua kofia alipotamka neno hilo. Katika nchi ya Pongezi diwani ni Mheshimiwa, waziri ni Mheshimiwa Sana, na aliye juu ya wote huitwa Mheshimiwa Kupita Kiasi. "Ataweka jiwe la msingi la uwanja wetu. Nataka pazia kubwa kuliko yote uliyowahi kushona."

"Uwanja upi, ndugu yangu? Mawe yameshikana mabega. Labda tumtundike juu ya goli."

"Pamebaki pale katikati. Kuna kiduara kidogo. Sijui ni cha nini, lakini kimekaa kama kilikuwa kinamsubiri."

Nyamizi akaacha kukanyaga cherehani.

"Lini?"

"Siku moja kabla ya hiyo mechi yenu. Tumepanga makusudi, wageni wa mpira walikute likiwa jipya."

Alimweleza. Alimweleza habari za mkaguzi na duara, kwa upole, kama anayemweleza mtoto kwa nini asiguse moto. Kisha upole ukamwishia. "Kaka yangu, wanaifuta timu! Hawa vijana hawana kitu kingine hapa mjini. Lutengano anafyatua matofali kutwa nzima ili jioni awe nahodha. Ukimwondolea jioni, umembakizia matofali."

Bwana Kasanga hakuwa mtu mbaya. Aliwahi kucheza winga ya kushoto shuleni, na macho yake yalielekea kiwanjani kabla hajayarudisha.

"Dada yangu, mpira mimi naupenda. Lakini sijawahi kusikia mtu aliyefukuzwa kazi na mpira. Shona pazia."

*

Alishona. Angefanyaje? Alipolikata alilia kidogo juu ya mahameli, na mahameli ikanywa machozi bila kuonyesha alama, maana ni kitambaa cha serikali.

Siku ya kupima walikwenda wote wawili hadi kwenye duara. Mafundi walikuwa wameweka boksi la mbao badala ya jiwe, na Nyamizi akaliviringishia pazia lake. Akarudi nyuma mpaka golini kuona linavyoning'inia. Halikumpendeza.

"Bwana Kasanga, nitahitaji nguzo ndefu zaidi. Pale ni bondeni. Mtu akisimama huku anaona kwanza kibao cha Naibu Waziri hapa juu ya mwinuko, halafu kule chini ndiyo anaona utosi wa Mheshimiwa Kupita Kiasi."

Alikuwa anazungumzia nguzo tu. Lakini alipogeuka alimkuta Bwana Kasanga amekuwa mweupe kama chaki ya fundi.

"Umesema anaona utosi?"

"Wa pazia, ndiyo."

"Naibu Waziri anamtazama yeye… kutoka juu?"

Nyamizi alimwangalia mwanamume yule, akaangalia mawe yaliyotapakaa uwanja mzima, na kitu fulani kikamjia taratibu, kama uzi unapoingia tundu la sindano baada ya kukataa mara nyingi.

"Si yeye tu," akasema kwa masikitiko makubwa. "Hebu tazama Katibu Tarafa alivyosimama sawasawa na Waziri. Bega kwa bega, kama wamesoma darasa moja. Na Diwani, hayati, amewageuzia wote mgongo. Mimi nilidhani ndivyo mlivyotaka."

"Sisi? Tutake?" Bwana Kasanga alikaa chini, na kwa mshtuko alikaa juu ya jiwe. Akaruka kama aliyekalia kaa la moto. "Tufanye nini? Sheria inakataza kusogeza jiwe!"

"Inakataza kumshusha kiongozi na kumtupa kando. Inakataza kumpandisha?"

Walitazamana. Upepo ulipita katika vishada.

"Kupandisha," alisema Bwana Kasanga polepole, akilionja neno, "si kusogeza. Kupandisha ni kupandisha cheo."

"Pale ukingoni kando ya barabara pana mteremko mzuri," alisema Nyamizi. "Wadogo chini, wakubwa juu. Na kila mmoja arudi nyuma kidogo, asimzibe mwenzake kibao."

"Nilikuwa karibu kulisema hilo," alisema Bwana Kasanga. Jioni ile aliliandika kwa jina lake, na Nyamizi alimpongeza.

*

Ikaundwa Tume ya Kupanga Vyeo vya Mawe. Kazi haikuwa nyepesi. Waziri wa Mvua na Waziri wa Miavuli walibishana nani amkalie mwenzake juu. Wa Mvua alisema bila yeye hakuna anayehitaji mwavuli. Wa Miavuli alijibu kwamba bila yeye Mheshimiwa Kupita Kiasi angekuwa amelowa siku nyingi. Hoja hiyo ilimaliza ubishi, akapandishwa.

Kila jiwe liling'olewa kwa sururu huku bendi ikipiga wimbo wa kuteuliwa. Mafundi waliyapanga ukingoni kwa zege, safu juu ya safu, moja nyuma ya jingine, na hakuna hata mmoja katika Tume, wasomi wote wale, aliyegundua kwamba wanajenga jukwaa. Mama Shija, muuza karanga, ndiye aliyegundua, akataka kusema. Nyamizi alimkanyaga mguu.

Uwanja ukabaki mweupe. Nyamizi alisimama katikati ya duara, akavuta pumzi, akawaita vijana wake wafanye mazoezi.

Yalikuwa maafa. Winga wake aliyeitwa Sindano alikimbia na mpira, akamzunguka Katibu Tarafa ambaye hakuwepo, akamzunguka Mkuu wa Wilaya ambaye hakuwepo, akatoka nje. Lutengano alimpigia Waziri pasi safi, na pasi ikaenda mpaka sokoni. Wanafunzi wa shule ya msingi waliokuja kucheza nao kirafiki waliwafunga, wakawapa pole.

"Kocha, turudishie mawe," alisema Lutengano akihema. "Huku kupana. Sijui niende wapi."

Wengine walicheka, lakini yeye hakuwa anatania. Nyamizi hakumfokea. Aliwavua viatu wote, akawashikisha mikono kama watoto wa chekechea, akawatembeza uwanja mzima kutoka goli hadi goli, wakipapasa nyasi kwa nyayo.

"Hapa pana nini?" aliuliza kila baada ya hatua chache.

"Hakuna kitu, Kocha."

"Na hapa?"

"Hakuna."

"Ni penu, basi. Msimzunguke mtu."

Waliokuwa wanapita barabarani waliona watu wazima wameshikana mikono peku, wakadhani Mapazia wameokoka.

*

Mheshimiwa Kupita Kiasi alikuja, akapandishwa kwa ngazi hadi kwenye jiwe lake, juu ya safu zote, akavuta kamba. Pazia la Nyamizi lilifunuka kwa muda mrefu kwa sababu ya ukubwa wake. Mvua ndogo ilianza. Kisha ikatolewa hotuba.

"Wananchi! Nimezuru nchi nyingi zenye viwanja. Nimeonyeshwa majukwaa, nimeonyeshwa taa, nimeonyeshwa vyoo. Nikauliza, jamani, mawe ya msingi yako wapi? Wakanionyesha moja! Limejificha ukutani, lina aibu! Pongezi ndiyo nchi pekee duniani yenye msingi mrefu kuliko jengo. Wengine wamemaliza. Sisi tunaanza, na tutaanza daima!"

Makofi yalikuwa mengi, na mengine yalikuwa ya kweli, kwa sababu watu waliokuwa wamesimama huku chini waliona duara la kati liko wazi, limeoshwa na mvua.

Kesho yake Makao Makuu walishuka kwenye basi lenye mapazia mazuri kuliko jezi za wenyeji. Kitopeni nzima ilikuja. Palikuwa na tope, hapakuwa na pa kukaa, na pale ukingoni safu za mawe zilikuwa kavu, pana, zimepangwa vizuri kabisa. Watu waliyatazama. Waliitazama pia bunduki ya askari mmoja, ambaye naye alikuwa anayatazama mawe.

Mama Shija alipanda, akajipangusa, akakaa.

"Nani huyo, mama?" mtu aliuliza.

Akainama akasoma kibao kati ya miguu yake. "Katibu Tarafa. Baridi kidogo, lakini atazoea."

Hapo mji ukapanda. Walimkalia Diwani, walimkalia Mkuu wa Wilaya, familia nzima ya mchinjaji ikajaa kwa Naibu Waziri. Bwana Kasanga alikimbia huku na huku akiinua mikono, lakini mwamuzi alikuwa amekwisha kupuliza filimbi.

Nyamizi hakuyaona hayo. Alikuwa mstarini, kidole gumba mdomoni. Vijana wake walicheza kwa woga, kisha kwa woga kidogo, kisha wakasahau. Sindano alikimbia moja kwa moja, na kila alipofika mahali palipokuwa na Mkuu wa Wilaya Nyamizi aliziba macho, na alipoyafumbua winga wake alikuwa bado anakwenda mbele. Lakini Makao Makuu walikuwa wagumu, na sare iliwatosha. Kipindi cha pili kiliingia, kikaanza kuzeeka, na bado hakuna goli.

Ndipo redio ya askari ikatangaza kwamba Mheshimiwa Kupita Kiasi amefanya mabadiliko madogo ya baraza. Waziri wa Miavuli, aliyeshusha mwavuli jana kabla mvua haijakatika, ameondolewa. Naibu Waziri ameshika nafasi yake.

Simu ya Bwana Kasanga ililia papo hapo. Akasikiliza, akaitikia, akajifuta jasho, akachukua kipaza sauti.

"Wananchi watulivu! Mchezo usimame! Mawe yanatakiwa kupangwa upya sasa hivi! Naibu apande, Miavuli ashuke! Tafadhali simameni nyote, mafundi wapite!"

Nyamizi aligeuka. Aliujua ule uso wa mwamuzi: alikuwa ameshika filimbi, anamtazama askari. Mchezo ukivunjwa na wenyeji, wageni wanapewa ushindi, kanuni haiulizi kwa nini. Lutengano alikuwa amesimama na mpira mguuni, anamtazama kocha wake kama siku ile aliposema huku kupana.

Nyamizi aliwatazama watu, safu juu ya safu, majirani zake, wateja wake, watu aliowapima viuno.

Hakuna aliyeinuka.

"Simameni, nawaomba!" Sauti ya Bwana Kasanga ilikatika. "Waziri ameanguka!"

"Tunajua, baba," alijibu mchinjaji kutoka juu. "Tumemkalia ili asianguke zaidi."

Kicheko kilishuka jukwaani kama mawe yanayoporomoka. Askari alicheka. Mwamuzi akaiachia filimbi ikaning'inia. Na Nyamizi akapaza sauti: "Lutengano! Unasubiri uteuliwe? Cheza!"

Lutengano akampa Sindano. Sindano akaenda, akaenda, akakata krosi mbaya kabisa, ya juu, ya kuaibisha. Kipa wa Makao Makuu akaifuata akateleza topeni. Beki akaupiga mpira kuuokoa, ukamgonga Lutengano tumboni, na Lutengano, mpira na kishada kimoja cha dhahabu wakaingia golini pamoja.

Kitopeni yote ikasimama. Ilisimama kwa mara moja, kuanzia kwa Diwani hadi kwa Mheshimiwa Kupita Kiasi, mikono juu. Nyamizi alikuwa amepiga magoti kwenye tope na hakujua nani alikuwa anamkumbatia.

"Kasanga!" ilifoka simu. "Nasikia kelele! Wamesimama au hawajasimama?"

Afisa Itifaki alitazama. Alikuwa mtu mkweli kila alipopata nafasi. "Wamesimama, mkuu. Wote."

"Kwa heshima?"

"Sijawahi kuona heshima kama hii. Wengine wanalia."

"Vizuri sana. Pongezi. Sasa panga mawe."

Aligeuka kuwaita mafundi, akakuta wameketi. Wote walikuwa wameketi tena, shingo mbele, maana Makao Makuu walikuwa wanaanzisha mpira kutoka duara la kati, na dakika zilikuwa bado. Mafundi nao walikuwa wamekaa, safu ya tatu, wamekumbatia sururu zao. Simu ilikuwa bado inaongea mkononi mwake.

"Kaa, mwanangu," alisema Mama Shija, akisogeza kapu lake la karanga. "Unatuziba."

Bwana Kasanga alitazama kushoto, akatazama kulia. Winga ya kushoto ya Mapazia ilikuwa imepata mpira. Akaiweka simu mfukoni bila kuikata, akajipenyeza, akakaa.